Gemu Iliyokuwa Ikigoma Kila Alasiri

Vumbi likipata moto lina harufu yake, na mimi nikiinusa popote hasira hunipanda kabla hata sijakumbuka nimemkasirikia nani. Ni harufu inayotoka nyuma ya kompyuta ya zamani, pale upepo wa feni unapotokea, vumbi la barabara limechanganyika na joto la nyaya na ile chumvi ya bahari ambayo Kilwa Masoko hukaa juu ya kila kitu mpaka kwenye vitasa vya milango. Chumba cha mbele cha nyumba ya Mjomba Sefu kilinuka hivyo kuanzia asubuhi mpaka jioni. Mjomba, kaka yake mama yangu, aliinunua kompyuta hiyo Dar es Salaam baada ya msimu mzuri wa korosho, akaiweka juu ya meza ya chakula, akaitandikia kitambaa alichofuma mkewe, kisha akaufungua mlango wa barazani na kuandika juu yake kwa chokaa neno moja: GEMU. Wengine mjini walikuwa na vibanda vya kuonyesha mpira. Kompyuta yenye gemu ya mpira, ambayo penalti unaipiga wewe mwenyewe, alikuwa nayo yeye tu, na hakumwacha mtu asahau. Mimi nilikuwa na miaka kumi na miwili. Nililetwa kwake kusoma kwa sababu mama alikuwa akilima ufuta Likawage, na shule ya huko ilikuwa mbali na shamba.

Katika nyumba hiyo tulikuwa wageni wawili. Wa pili alikuwa Skolastika, ambaye sote tulimwita Dada Skola, msichana wa kidato cha nne kutoka Kipatimu, kwenye milima ya Wamatumbi. Shule yake ya sekondari haikuwa na bweni. Baba yake alikuwa akimletea mjomba machungwa, wakaelewana: Skola atalala kwetu, atakula kwetu, na kila siku akitoka masomoni atakaa kwenye kompyuta tangu saa nane mchana mpaka tunapofunga saa kumi na mbili. Mtihani wa taifa ulikuwa Novemba. Alitaka kwenda kidato cha tano akasome hesabu na fizikia, na jambo hilo alilisema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayesema atapita sokoni. Ili afanye mtihani ilibidi awe na pa kulala Masoko, na pengine hapakuwepo. Nalieleza hili mapema ili mtu asije akafikiri ninayoyasimulia yalikuwa ugomvi wa watoto juu ya mchezo.

Tulilala chumba kimoja, na kila nilichokijua juu ya mashine nilikipata kwake. Alifungua bati la ubavuni la kompyuta kwa kisu cha mezani, akapangusa vumbi kwa kipande cha kanga kuukuu, akanionyesha hiki ni kitu gani na kile kinafanya nini, na asichokijua alisema hakijui. Mashine ikileta shida hakuipiga kofi kama mjomba. Alichukua daftari, akapiga mistari, akaandika siku, saa, nini kilifanyika na nini kilitokea. "Somoe," aliniambia, "usiulize imeharibika nini. Uliza kimebadilika nini. Halafu badilisha kitu kimoja tu, ujaribu, uandike. Ukibadilisha viwili kwa pamoja hujui ni kipi kilichokujibu." Nimekaa mbele ya walimu wengi kabla sijaiacha shule, na hakuna aliyenipa sentensi yenye manufaa zaidi ya hizo. Waliobaki walitaka ninyamaze niandike.

Shida ilianza mwezi wa sita, wakati wa kipupwe, sisi wa shule ya msingi tukiwa likizo na kidato cha nne wakienda masomo ya ziada asubuhi. Asubuhi mjomba mwenyewe ndiye aliyekaa kwenye mashine. Mwezi huo alikuwa amenunua modemu mpya, kile kidude cha intaneti cha kuchomeka ubavuni, akawa anasoma habari za mpira huku vijana wakisubiri zamu zao. Lakini modemu ilikuwa na jambo moja lililomkera: ilipochomekwa, saa ya kompyuta ilijirekebisha yenyewe, na saa mbili asubuhi ikaandikwa nane. Mjomba hakupenda. Yeye alitaka saa mbili iandikwe mbili, kama ilivyo mdomoni mwa watu na kwenye saa yake ya mkononi. Kwa hiyo kila siku kwenye saa sita na nusu, akijiandaa kwenda kuswali adhuhuri, aliichomoa modemu, akaitia mfukoni na kuniambia, "Somoe, irudishe saa yetu." Nami nilikaa kitini, nikairudisha nyuma kwa saa sita, kumi na mbili na nusu ikawa sita na nusu, nikajiona mtaalamu.

Skola alipokuja saa nane na kuwasha gemu, haikufunguka. Kioo kilikuwa cheusi, kiduara kikazunguka, wimbo wa mwanzo ukalia nusu ukakatika, kikatokea kisanduku cheupe chenye Kiingereza ambacho yeye alikitafsiri kwa sauti ili waliosubiri wasikie: kuna tatizo, jaribu tena baadaye. Akajaribu tena. Kuna tatizo, jaribu tena baadaye. Mpaka leo nikikutana na ujumbe wa namna hiyo natamani kumshika shati aliyeuandika. Mtu anajua kwa nini gemu yake imekataa, kwa sababu yeye ndiye aliyeiambia ikatae, halafu anakuficha sababu na kukupa adabu mahali pa jibu. Siku ya pili ikagoma tena, na ya tatu, daima alasiri. Aliizima na kuiwasha. Alichomoa waya mmoja mmoja na kuurudisha. Aliifuta gemu yote akaiweka upya kutoka kwenye diski. Aliazima programu ya kusaka virusi kwa mwalimu wake, ikasaka mpaka alasiri ikaisha, haikukuta kitu. Kila mara niliandika kwenye daftari, siku, saa, kilichofanyika, imegoma. Hakuna siku hata moja niliyoandika kwamba saa ilikuwa imerudishwa. Kwangu hilo halikuwa kubadilisha kitu, lilikuwa kukiweka sawa. Wala Skola hangeweza kuligundua kwa macho. Saa nane mchana kompyuta iliandika nane. Nani kati yetu angeitazama na kusema imekosea?

Asubuhi mjomba akichomeka modemu na kukaa yeye, gemu ilifunguka kama kawaida. Hapo ndipo maneno yalipopata miguu. Aliyeyabeba zaidi alikuwa Bakari, kijana aliyeshusha samaki forodhani, mchezaji hodari kuliko wote na mwenye mdomo kuliko wote.

"Dada Skola, leo umeilisha nini?"

"Nimeilisha magoli uliyofungwa jana, imevimbiwa."

"Ah, usinichekeshe. Kwa Mzee Sefu inacheza, kwako inalala. Huko milimani mnaziimbia nini hizi mashine?"

"Tunaziimbia zisiguswe na watu wanaonuka dagaa."

Watu walicheka, naye Skola alicheka nao, na siku za mwanzo ilikuwa mzaha kweli. Wiki ya pili hakuna aliyecheka. Wakaanza kusema mkono wake haupatani na mashine. Mke wa mjomba akamtoa jikoni siku moja akisema leo atapika mwenyewe, na kesho yake akasema vivyo hivyo. Hakuna aliyelitamka neno uchawi. Watu wetu ni hodari wa kutolitamka neno hilo huku wakilizungushia kila kitu, mpaka aliyelengwa anabaki amesimama katikati, hana hata pa kujitetea, maana hajashtakiwa. Mjomba naye alikuwa akiyakusanya maneno hayo moyoni.

Ijumaa moja baada ya swala ya alasiri alirudi na wanaume wanne wa msikitini, akataka kuwaonyesha gemu. Skola akamwambia kwa adabu, "Shikamoo mjomba, bado haijafunguka." Mjomba hakuitikia marahaba. Akamwambia asimame. Akakaa yeye, akabonyeza, kuna tatizo, akabonyeza tena, na safari hii iligoma mikononi mwake mwenyewe mbele ya wageni wake. Nilikuwa nimesimama mlangoni. Niliona shingo yake inavyojaa. Mtu mwenye akili angesema, kumbe hata kwangu inagoma, basi si huyu binti. Yeye aligeuka na kumuuliza, "Umeifanya nini mashine yangu?"

"Sijaifanya kitu, mjomba. Nina daftari hapa, kila nilichogusa kimeandikwa."

"Nakuuliza juu ya mashine, unanijibu daftari?"

"Ndiyo maana nakuonyesha. Kuna kitu kinabadilika mchana. Sijakijua bado, lakini kipo. Nipe siku tatu."

"Siku tatu umalizie kuiua? Nimekulaza nyumbani kwangu, unakula sahani moja na mtoto wangu, halafu mbele za watu unanifundisha mimi kinachobadilika?"

Mmoja wa wale wazee, nashukuru alikuwepo hata mmoja, alisema, "Sefu, huyu ni mtoto, taratibu." Mjomba akajibu kwamba mtoto huyu kesho asubuhi ataondoka na lori la machungwa. Na ndivyo ilivyokuwa. Skola hakulia mbele yao. Alifunga sanduku lake la bati, akafungua tena akatoa daftari, akaniachia juu ya mkeka. "Endelea kuandika," alisema. Asubuhi alipanda juu ya lori tupu, amekaa juu ya magunia matupu, vitabu vya fizikia mapajani, na barabara ya Kipatimu wakati ule ilikuwa ya kukutoa roho hata kiangazi. Nilimwangalia mpaka lori likakata kona. Mjomba alikuwa ndani anasoma habari za mpira.

Jumamosi hiyo alasiri gemu iligoma. Jumapili iligoma. Jumatatu walikuja kumwita mjomba kwenye msiba Kivinje, akatoka mbio kabla ya saa sita na modemu yake mfukoni, bila kuniambia neno. Saa nane nikamfungulia Bakari, nikawasha, na gemu ikafunguka. Wimbo ukalia mpaka mwisho. Bakari akaruka juu. "Mmeona? Mmeona? Kaondoka yule, imepona!"

"Kaondoka tangu juzi," nikamwambia. "Jana hukuwepo hapa? Si iligoma?"

"Jana yalikuwa mabaki yake."

Hicho ndicho kilichonitia hasira ya kwanza ya kweli maishani mwangu, hasira ambayo si ya kunyimwa kitu. Iligoma akiwepo, ni yeye. Iligoma hayupo, ni yeye. Imefunguka, ni yeye. Nikakaa na daftari lile magotini wakati wanapiga kelele za magoli, nikajiuliza kama alivyonifundisha, leo kimebadilika nini? Mjomba hayupo. Lakini mjomba hakuwepo alasiri zote. Kimebadilika nini tena? Nikainua macho pembeni ya kioo na kuona imeandikwa tisa na dakika ishirini alasiri, lakini kwa namna ile nyingine, kumi na tano na ishirini. Leo sikuirudisha saa.

Vijana walipokwenda kuswali alasiri nilifunga mlango wa barazani. Nikaifunga gemu, nikairudisha saa nyuma kwa saa sita, nikaifungua. Kuna tatizo, jaribu tena baadaye. Nikaipeleka mbele. Ikafunguka. Nyuma, ikagoma. Mbele, ikafunguka. Nilifanya hivyo mara tano, kitu kimoja tu kila mara, nikaandika. Miaka mingi baadaye ndipo nilipoelewa vizuri: gemu ile ilikuwa na leseni ya muda, na walioitengeneza waliitilia mlinzi dhidi ya wanaorudisha saa nyuma ili waibe siku. Iliikumbuka saa ya mwisho kuchezwa, na ikiona saa ya sasa iko nyuma ya hiyo, inakataa. Mjomba alicheza mpaka saa sita na kitu mchana. Mimi nikamrudishia saa yake. Ikabidi ingoje mpaka saa ya kompyuta ifike tena pale ilipoishia, na hiyo ilikuwa saa kumi na mbili na kitu, wakati tumeshafunga. Jaribu tena baadaye lilikuwa neno la kweli. Lakini siku ile sikuyajua hayo yote. Nilijua tu kwamba mkono uliokuwa ukiigomesha gemu kila siku ulikuwa wangu, na aliyeuamuru alikuwa mjomba, na aliyefukuzwa alikuwa Skola.

Kesho yake asubuhi nilimwonyesha mjomba. Nilimfanyia mbele ya macho yake, mbele imefunguka, nyuma imegoma, mara tatu, mpaka akaniambia basi inatosha. Alijishika ndevu. Nilikuwa na uhakika, kwa ujinga wa miaka kumi na miwili, kwamba kinachofuata ni kutuma salamu kwa dereva wa lori.

"Saa isirudishwe tena," alisema. "Na habari hii haitoki nje ya mlango huu."

"Na Dada Skola, mjomba?"

"Skola yuko kwao."

"Ana mtihani."

"Somoe." Alilitamka jina langu polepole. "Nimemwondoa mbele za watu. Nikamrudishe, halafu nionekane vipi?"

Nionekane vipi. Nimezunguka Lindi, Mtwara, Nachingwea, nimekaa Rondo misimu miwili nikivuna mahindi ya watu, nimetengeneza simu kwenye meza za stendi ambazo sizikumbuki idadi, na neno hilo nimelikuta kila mahali limevaa kanzu tofauti. Lakini sitambebesha mjomba peke yake, maana mimi nilinyamaza. Nilikuwa na daftari. Nilikuwa na ushahidi wa mara tano. Dereva wa lori la machungwa alipita kila wiki mbele ya nyumba na kunisalimia. Ningeweza kumpa karatasi moja tu. Niliogopa kurudishwa Likawage, ikapita Julai, ikapita Agosti, na Novemba wenzake Skola walipita barabarani na rula zao mikononi, nikajificha uani. Nilifika kidato cha pili nikaiacha shule. Watu husema nilikosa utulivu, na ni kweli, lakini nilikuwa pia nimechoka kukaa kwenye dawati ambalo mtu aliyelistahili zaidi alinyimwa.

Mwaka huu nilipanda Kipatimu. Siku hizi kuna basi, na barabara ingawa bado inakutikisa inapitika. Nilimkuta Skola sokoni kwenye cherehani, amenenepa kidogo, miwani puani, anashona sare za shule. Alinijua kwa sauti. Alinikalisha, akaniagizia chai, nami nikamwambia yote bila kujipunguzia. Alisikiliza akiendelea kushona. Nilipomaliza alikata uzi.

"Ulipojua ulikuwa na miaka kumi na miwili," alisema. "Sasa una mingapi?"

"Thelathini na mmoja."

"Na simu zimekuja lini huku kwetu? Zamani." Akanigeuzia uso. "Mimi nilijua siku ileile kwamba sikuiharibu. Hujaniletea kitu kipya, Somoe. Wasiojua wako huko chini. Umenipandia mlima kuniambia mimi?"

Akavuta sare nyingine. Chai yangu ilikuwa bado nzima, nikainywa yote, nikaaga.

Siku ya pili nilishuka Masoko. Mjomba Sefu ni mzee sasa, anakaa barazani kwake kila alasiri na watu wake, Bakari akiwemo, mwenye mvi na boti mbili. Watoto wamejaa kwenye ngazi, kila mmoja na gemu yake kwenye simu, inafunguka kwa kugusa tu, na saa inajipanga yenyewe bila kumwomba mtu ruhusa. Niliwaamkia. Niliitikiwa vizuri, nikakaribishwa, nikaulizwa habari za safari. Nikasema nimetoka Kipatimu, nimemwona Skolastika, na nimekuja kusema mbele ya wote waliokuwepo kwamba hakuiharibu kompyuta ile. Tuliiharibu sisi, mimi na mjomba, kwa kurudisha saa, na mjomba alilijua hilo siku nne baada ya kumfukuza.

Nilikuwa nimejiandaa kwa kelele. Nilijiandaa kufukuzwa, hata kupigwa. Mjomba alitazama mikono yake. Bakari alimtazama mjomba, kisha akanitazama mimi, na uso wake haukuwa na uovu wowote, ulikuwa unatafuta tu, kwa nia njema kabisa.

"Skola," alisema. "Skola yupi?"

Nikawatazama wengine. Hakuna aliyekumbuka. Walimtoa kwenye mtihani wake, kwenye hesabu na fizikia zake, kwa jambo ambalo halikukaa vichwani mwao hata kidogo. Mjomba peke yake ndiye aliyemkumbuka, na bado alikuwa anatazama mikono yake. Nikavua viatu, nikapanda barazani, nikakaa katikati yao, nikaanza kuwaambia ni yupi.